Tafakari ya Juma: Daftari la Mwalimu



Wapendwa waamini, juma lililopita tulikwenda kigango kimoja cha mbali, upande wa Bahi, kuadhimisha Misa ya kumwombea marehemu katekista wetu, ambaye watu wote, wakubwa kwa wadogo, walimwita Mwalimu. Baada ya Misa mjane wake alitukaribisha ndani ya tembe, tukala ugali wa uwele na mlenda. Kisha akavuta sanduku la bati kutoka chini ya kitanda, akatoa daftari moja lenye kingo zilizolika. Akasema, "Hili ndilo lililobaki, Baba. Mengine yote mchwa wameyala."

Tulilipokea kwa mikono miwili, lakini macho yetu hayakuweza kumtazama usoni. Tunaandika tafakari hii kwa sababu ya daftari hilo, na kwa sababu ya kosa letu wenyewe.

Tulipofika parokiani miaka mingi iliyopita, tulikuta Mwalimu ana desturi yake. Dominika ambazo padre hakufika, alisoma Injili kwa Kiswahili, kisha akafungua madaftari yake na kuifafanua kwa Kigogo, neno baada ya neno. Tulimsikiliza siku moja, tukaona anachelewesha watu. Tukamwambia, "Mwalimu, madaftari haya ni ya nini? Soma tafakari iliyopigwa chapa, hiyo yatosha." Akajibu, "Sawa, Baba." Alikuwa na umri wa kutuzaa, wala hakubishana. Tangu siku hiyo madaftari yakaingia sandukuni, na mchwa wakafanya kazi yao.

Dharau hiyo hatukuiokota njiani. Tulikuwa nayo tangu tulipokuwa mafrateri, tukisoma falsafa Kibosho chini ya Mlima Kilimanjaro. Tuliwapenda Plato na Aristotle, lakini tulipofika kwa wafuasi wapya wa Plato, wale wa karne ya 3 hadi ya 6 ambao sehemu kubwa ya maandishi yao ni ufafanuzi wa vitabu vya wakubwa hao wawili, tulipiga miayo. Tuliambiana kwamba watu hawa hawakuwa na jipya, walikula makombo ya meza ya wengine. Leo tunaomba tuwarudie, maana wanatuhukumu.

Tuanze na Porphyry wa Tiro, mwanafunzi wa Plotinus. Aliandika kitabu kidogo cha kumwandaa mtu kusoma mantiki ya Aristotle. Porphyry huyo huyo aliandika pia dhidi ya Wakristo, na mwaka 448 kaisari aliamuru maandishi hayo yachomwe moto. Hata hivyo kitabu chake kidogo cha mantiki hakikutupwa. Boethius, Mkristo wa Roma, alikitia katika Kilatini na kukifafanua mara mbili, na kwa karne nyingi wanafunzi wa Ulaya waliingia katika falsafa kwa mlango huo. Hata sisi Kibosho tulifundishwa mti wa Porphyry, ule unaoshuka kutoka kitu hadi kiumbe hai, mnyama na mwanadamu. Kanisa lilijua kutenganisha pumba na chenga na mchele.

Sasa twende Aleksandria, katika bara letu hili la Afrika. Huko, mwishoni mwa karne ya 5 na mwanzoni mwa karne ya 6, alifundisha Ammonius mwana wa Hermias. Wachimbaji wa mambo ya kale kutoka Poland wamefukua katika mji huo kumbi takriban 20 za kufundishia za zama hizo, zenye viti vya mawe vilivyopangwa kwa umbo la kwato la farasi. Kabla ya kufungua kitabu, walimu wa shule hiyo waliuliza maswali yao: Lengo la kitabu hiki ni nini? Kina faida gani? Je, kweli ni cha mwandishi huyu? Kisomwe kabla ya kipi na baada ya kipi? Kwa nini kina jina hili? Kimegawanyika vipi? Ni cha tawi gani la elimu? Ndipo waliposhuka kwenye maneno yenyewe, moja moja. Wapendwa, ni mara ngapi tumepanda mimbarini bila kuuliza hata swali moja kati ya hayo?

Lakini lililotuchoma zaidi ni hili. Ammonius mwenyewe aliacha maandishi machache. Mafundisho yake mengi tunayo kwa sababu wanafunzi waliketi kwenye viti vile wakaandika waliyoyasikia, na vitabu vyao vikaandikwa kichwani kwamba vimetoka katika sauti ya Ammonius. Kwa maneno mengine, madaftari ya wanafunzi yaliokoa shule nzima.

Mmoja wa wanafunzi hao alikuwa Yohane Philoponus, Mkristo. Alimfafanua Aristotle kwa uaminifu, lakini hakuogopa kusema pale alipoona babu huyo amekosea. Aristotle alifundisha kwamba kitu kizito huanguka kwa kasi kadiri ya uzito wake. Philoponus akajibu kwamba ukiangusha vitu viwili kutoka kimo kimoja, kimoja kizito mara nyingi kuliko kingine, utaona tofauti ya muda ni ndogo sana. Zaidi ya miaka 1000 baadaye Galileo alimtaja katika maandishi yake. Tuseme pia ukweli wote: si kila alichoandika Philoponus kilikuwa sawa, na mafundisho yake juu ya Utatu Mtakatifu yalilaaniwa na Mtaguso wa mwaka 680 hadi 681.

Mwingine ni Simplicius, ambaye hakuwa Mkristo. Mwaka 529 Kaisari Justiniani alipopiga marufuku ufundishaji wa falsafa kule Athene, Simplicius na wenzake sita walihamia kwa mfalme wa Uajemi, wakarudi baada ya mkataba wa amani wa mwaka 532. Katika ufafanuzi wake alifika mahali Aristotle anapomzungumzia Parmenide, mwanafalsafa aliyeishi miaka 1000 kabla yake. Simplicius akaamua kunakili mistari mingi ya Parmenide, naye akatoa sababu: kitabu hicho kimekuwa adimu. Kitabu chenyewe kikapotea. Sehemu kubwa ya Parmenide tunayoisoma leo tunayo kwa mkono wa mtu yule tuliyemwita mla makombo.

Simplicius huyo alisema pia sifa za mfafanuzi mwema. Asimtetee mwandishi kwa kila hali kana kwamba ameandikishwa katika kambi yake, wala asitafute makosa kwa kupenda kulaumu. Mtakatifu Tomaso wa Akwino aliishi hivyo. Wakati wake kilikuwepo kitabu kidogo juu ya visababishi, ambacho wengi walidhani ni cha Aristotle. Mwaka 1268 ndugu yake wa shirika, Willem van Moerbeke, alimaliza kutafsiri kitabu cha Proclus kuhusu misingi ya elimu ya Mungu. Tomaso, alipokuwa akifafanua kile kitabu kidogo mwaka 1272, aliviweka vitabu hivyo viwili pamoja, akatambua na kusema wazi kwamba kidogo kimechotwa kwa Proclus.

Kiswahili chetu kina neno zuri: sherehe. Mtaani sherehe ni pilau na muziki. Lakini fungueni vitabu vya mashairi, mtaikuta sherehe ukurasa wa mwisho, nayo ni maelezo ya maneno magumu. Asili yake ni Kiarabu, na kwa neno hilo wanazuoni wa Kiarabu waliviita vitabu vyao vya kumfafanua Aristotle. Nasi Wakristo tukumbuke yule mkuu wa Ethiopia, aliyekuwa garini akisoma nabii Isaya. Filipo alimuuliza kama anaelewa, naye akakiri kwamba hawezi pasipo mtu wa kumwongoza. Mwafrika yule alibatizwa kwa sababu mtu alikubali kupanda gari na kufafanua.

Na sasa tulifungue daftari la Mwalimu. Kurasa zilizosalimika ni za mfano wa mpanzi. Kila mahali ameandika kwanza, "Alivyosema mwalimu wangu," na chini yake, "Ninavyoona mimi," wala hakuchanganya mawili hayo. Mwalimu wake alimfundisha kwamba mpanzi yule alikuwa mzembe, maana alitupa mbegu hata njiani na kwenye mawe. Ninyi mnaojua kuberega, yaani kupanda pasipo kutifua ardhi kwanza, mtamwelewa Mwalimu alipoandika kwamba yeye anaona vingine. Aliandika kwamba huku kwetu mvua hunyesha shamba hili ikaruka lile, na kwa hiyo mtu mwenye akili hapandi mahali pamoja. Mpanzi yule hakuwa mzembe. Alijua kwamba mvua si yake.

Tulisoma maneno hayo chini ya mbuyu, tukafunga daftari. Katika miaka yetu yote ya kuhubiri mfano huo hapa Ugogo, hatukuwahi kusema neno lililofaa watu hawa kama hilo. Nalo lilikuwa sandukuni kwa amri yetu. Mangapi mengine yalikuwa katika yale yaliyoliwa, hatutajua kamwe.

Tumemwomba radhi mjane wake. Alitujibu kwa upole, "Baba, yeye alikuwa akikuombea kila jioni." Hatukuwa na la kusema.

Kwa hiyo, wapendwa, tunawaomba mambo mawili. Kwanza, yeyote mwenye daftari la katekista wa zamani, la babu au la bibi, liwe la Kigogo, Kirangi au Kiswahili, alilete ofisi ya parokia. Tutalinakili na kulirudisha mikononi mwake. Pili, vijana, nendeni na kalamu kwa wazee wanaofahamu. Andikeni walivyosema wao, na chini yake mnavyoona ninyi, wala msichanganye. Nao makatekista wetu wote, kuanzia Dominika ijayo, wana ruhusa yetu, na ombi letu, kufungua tena madaftari yao.

Raha ya milele umpe Mwalimu, ee Bwana. Tunawatakieni nyote Dominika njema.