Umeme

Sekunde moja ndani ya gemu la Tekken imekatwa vipande 60, na kila kipande kinaitwa fremu. Kazuya Mishima ana ngumi moja ambayo ili itoke sawasawa unabonya mbele, unaachia, unabonya chini, halafu kona ya chini-mbele, na pale kidole gumba cha kushoto kinapotua kwenye hiyo kona, cha kulia kiwe kinabonya kitufe cha ngumi katika fremu hiyohiyo. Si kabla, si baada. Ukiipata, mkono unawaka cheche, inasikika sauti kama ya nyaya mbili zilizogusana, na mpinzani anarushwa hewani, hana la kufanya mpaka atue. Ukichelewa fremu moja inatoka ngumi pacha, isiyo na cheche, na mpinzani akiizuia hiyo umempa nafasi ya kukuadhibu. Ile ya cheche hata akiizuia, zamu inabaki yako.

Wachezaji wa dunia nzima wana jina lake refu la Kiingereza. Mimi na kaka yangu tunaiita umeme, na sentensi kama "leo umeme hautoki" ina maana mbili nyumbani kwangu.

Tekken 8 ilitoka tarehe 26 Januari 2024. Nakaa Dar es Salaam, na waliokuwa huku wanaikumbuka miezi ile: mgao, wa ule umeme mwingine. Mtambo wa kwanza wa Bwawa la Nyerere uliingia kwenye gridi mwezi Februari na hali ikaanza kupata nafuu, lakini wiki zangu za kwanza na Kazuya nilizipanga kwa kufuata giza. Nikitoka kazini saa tatu usiku, nampigia jirani kumuuliza kama upo. Ukiwepo naingia chumba cha mazoezi, ambako mpinzani anasimama tu kama mdoli, najaribu mara 100 nikitazama kulia na mara 100 nikitazama kushoto. Matokeo naandika kurasa za nyuma za daftari langu la kazi, kwa vijiti vya kuhesabia kama wale wanaojumlisha kura ubaoni. Usiku wa kwanza: kulia 9, kushoto 2. Baada ya mwezi: 31 na 11. Mwisho wa Aprili kulia nilifika 60, wiki iliyofuata nikashuka mpaka 44, na hakuna nilichokuwa nimebadilisha. Mikono ileile, kiti kilekile, padi ileile.

Kushuka huku ndiko kunakofukuza watu. Gemu lilitoka na wahusika 32, na wako ambao kwa wiki mbili unakuwa umeshawazoea, wanakuvusha madaraja kwa mambo manne tu ya kukariri. Ukimchagua Kazuya unakubali kupigwa kwa miezi na watu wanaofanya kitu rahisi kinachotoka, huku wewe unahangaika na kigumu kisichotoka. Na si umeme peke yake. Kuna ule mtelezo wake wa kuinama na kusonga mbele, unaotakiwa kuurudia mfululizo kama wimbi, na kutoka ndani ya wimbi hilo ama anafagia miguu ama anapiga tumbo. Ufagio unakuja ndani ya robo sekunde hivi, hakuna jicho la kuuona na kuuzuia kwa uhakika. Mpinzani anabaki kubahatisha. Lakini akibahatisha sawa akauzuia, anakurusha juu na pengine pambano limeishia hapo. Kwa hiyo Kazuya hana maisha ya katikati. Kila baada ya sekunde chache unaweka nyumba yako rehani.

Kwa wasomaji wa hadithi, na najua huku ndiko mlikojaa, huyu bwana ana mkasa wa kutosha. Akiwa na miaka mitano baba yake, Heihachi, alimtupa kwenye genge ili ajue kama ni mtoto mwenye nguvu. Akakwea akarudi. Alipokua akamtupa baba; baba akarudi, akamtupa mwana kwenye volkano. Ndiyo maana kwenye Tekken 3 hayupo: tuliambiwa kafa. Alifufuliwa Tekken 4. Mwisho wa Tekken 7 yeye ndiye anamtupa baba yake ndani ya moto wa mlima, na kwenye ya nane anapigana na Jin, mwanawe wa kumzaa. Ni familia ambayo haina njia nyingine ya kuzungumza.

Tekken 3 ndiyo tuliyoanzia, Tanga, nadhani mwaka 1999, kwenye banda la gemu lenye PlayStation mbili na pazia la kanga mlangoni. Shilingi 50 mchezo mmoja, aliyeshinda anabaki, aliyeshindwa anarudi mwisho wa foleni au anakwenda kuombaomba. Eddy Gordo alipigwa marufuku pale bandani, maana mtoto yeyote aliyeponda vitufe kwa fujo alipata mateke ya kutosha kumwangusha aliyefanya mazoezi. Paul, yule mwenye nywele zilizosimama kama ufagio, alikuwa wa watu wazima. Kaka yangu Salum, aliyenizidi miaka minne, alikuwa na Jin, na Jin wa Salum akishakaa hamumtoi mpaka adhana ya magharibi. Mimi nilibaki na yeyote aliyesalia. Nilikuwa na miaka kumi na nilijua tayari kwamba kuna watu wana mhusika wao na kuna watu wanachezea makombo.

Salum alikwenda Muscat mwaka 2016. Anaendesha lori la vifaa vya ujenzi. Baba alifariki 2021, na mwajiri wake hakumpa ruhusa ya kuja kuzika. Baada ya hapo simu zetu zikawa fupi. Hela imefika? Imefika. Shangazi hajambo? Hajambo. Mtu aliyekosa maziko ya baba yake na mtu aliyeshika jeneza hawana pa kuanzia, kila mmoja anamwonea haya mwenzake. Aliponitumia ujumbe kwamba kanunua PlayStation 5 ya mkononi kwa mtu, kwamba Jin bado yupo, na mimi niko na nani siku hizi, nilijibu: Kazuya. Sikumwambia kwamba kitabia nilikuwa sijamgusa hata siku moja. Baba wa Jin, basi, nikamchagua hivyo, kwa ubishi wa mdogo mtu.

Kati ya Dar na Muscat ni kama kilomita 4,000. Ishara ya mtandao ikienda na kurudi inachukua milisekunde 120 siku njema, 180 siku mbaya. Yaani fremu saba mpaka kumi na moja, na hapo mimi nahangaikia fremu moja. Gemu linajaribu kuficha umbali huo kwa kukisia. Linachora kile linachodhani mwenzio atafanya, na taarifa ya kweli ikifika tofauti, linafuta na kuchora upya. Kwa hiyo kuna nyakati unaona ngumi ya kaka yako ikianza, halafu haikuwepo. Unaona umemgonga, halafu hujamgonga. Nimeripoti mikutano ya siasa isiyoeleweka kuliko hii, lakini si mingi.

Ukipenda kulalamika kuhusu umbali, Pakistan imetufunga mdomo. Mwaka 2019 Arslan Ash, kijana wa Lahore ambaye karibu hakuna aliyemjua, alishinda EVO ya Japani, kisha mwaka huohuo ile kubwa ya Las Vegas. Akasema nyumbani kuna wenzake wakali kama yeye. Watu wakadhani ni unyenyekevu, mpaka Knee wa Korea Kusini, mmoja wa wachezaji wakubwa wa historia ya gemu hili, akapanda ndege kwenda kuwaona, akapigwa na watu ambao dunia haikuwa na majina yao. Walikuwa wamenoana wenyewe kwa wenyewe, bega kwa bega, kwenye kumbi za gemu, bila kuusubiri mtandao. Nikiliwaza hilo nakumbuka pazia la kanga. Sisemi Tanga ingetoa bingwa. Nasema banda lilikuwa na kitu ambacho bando la gigabaiti 30 halinipi: ulimsikia mwenzako akivuta pumzi kabla ya kufagia.

Tarehe 12 Mei 2024 nyaya za chini ya bahari zilikatika upande wa Msumbiji na Afrika Kusini, na intaneti ya Tanzania ikawa ya kudokoa kwa siku kadhaa. Ofisini ilikuwa habari kubwa, tuliandika wee. Usiku nilirudi kwa mdoli wangu. Zile siku bila mtandao ndizo zilizonifundisha, na siwezi kueleza vizuri zimenifundisha nini, jambo linalomkera mtu anayelipwa kwa maneno. Nilikuwa nikijiambia kimoyomoyo "mbele, acha, chini, kona." Siku ya tatu maneno yakakoma yenyewe, ikabaki kama kupiga chafya: unajua inakuja, halafu imeshatoka. Nilihesabu 71. Nikijaribu kurudisha maneno, zinashuka. Mafundi wa bao niliowahi kuwahoji Unguja walikuwa wakinijibu kwa kucheza, nami nikaandika kwamba ni watu wa maneno machache. Sasa nadhani walikuwa wananijibu kikamilifu.

Mtandao uliporudi tulicheza na Salum Ijumaa usiku, vipaza sauti masikioni. Mchezo wa nne, raundi ya mwisho, wote tumebakiwa na uzi wa uhai. Akaja na teke, nikaliepa pembeni, umeme ukatoka. Jin akaenda juu. Nilimmalizia hewani kwa pigo lililo rahisi kuliko yote, maana mikono ilikuwa inatetemeka.

Kimya. Nikadhani mtandao umekatika tena.

"Hiyo umeipata wapi?" akauliza.

"Giza la mgao."

Akacheka. Tukabonya kurudia, na wakati gemu linapakia, ile picha ya wahusika wawili wakitazamana, akasema, sauti ya chini kabisa, "Hivi kaburi la mzee mliwekea alama?"

Nikamwambia tuliweka jiwe dogo upande wa kichwani, karibu na mwarobaini, na kwamba mvua za masika zililiinamisha, Shangazi akamtuma mtu alisimamishe. Raundi ikaanza. Akaniuliza nani alishuka mwanandani. Nikamtajia. Akaniuliza kama mvua ilinyesha siku ile. Ilinyesha kidogo, wakati wa kurudi. Muda wote huo tulikuwa tunapigana, vibaya sana, Jin na baba yake wakikosana ngumi uwanja mzima. Hakuna hata mmoja aliyesema tuache. Simu inakutaka useme. Gemu linakuruhusu uwe umekaa na mtu, macho kwingine, mikono ina shughuli.

Tulicheza mpaka saa nane, kwake saa tisa. Alinishinda 14 kwa 6.

Sasa niko daraja la Tenryu. Huko juu bado kuna Fujin, Raijin, na orodha ndefu ya miungu ambayo sina mpango nayo. Nimevuka Garyu nikapanda nikashuka mara nne, na wenzangu kazini wameacha kuniuliza. Salum anasema Desemba anaweza kuja, akipata likizo. Kama akija tutakaa kochi moja na fremu saba zitakuwa hazipo, kwa hiyo visingizio vyangu vyote vitakwisha. Kulia napata 80 kwa 100. Kushoto, jana, 52.