Mashine yako hainijui

Nimekuwa kimya wiki kadhaa na wengine mmeniuliza kama nimeacha kuandika. Sijaacha. Nilikuwa Kasanga, kule mkoani Rukwa ambako barabara ya kutoka Sumbawanga inapita Matai, inateremka, halafu inaishia majini. Ni bandari ya Ziwa Tanganyika, jirani kabisa na Zambia. Wajerumani walipaita Bismarckburg. Nilikwenda kuwauliza wavuvi waliishije mwaka 2024, ziwa lilipofungwa kuanzia 15 Mei hadi 15 Agosti ili samaki wazaliane. Habari yenyewe mtaisoma gazetini. Hapa nataka kuwasimulia kisa cha tachipedi ya laptopu yangu, maana gazetini hakiingii.

Mzee niliyezungumza naye (jina ninalo mwenyewe) ana darasa la saba na anasoma vizuri kuliko baadhi yetu. Alikubali kuhojiwa kwa sharti moja, kwamba kabla sijatuma, asome. Nikasema hakuna tabu mzee, kama sisi waandishi tunavyosema siku zote. Jioni ya pili tukakaa barazani kwake, nikafungua rasimu, na badala ya kumpa asome nikaanza kumsomea. Nilipofika aya ya deni, nikairuka.

Deni lenyewe alinitajia kinasa sauti kikiwa kimezimwa, tukitembea kurudi kutoka mwaloni. Ile miezi mitatu alikopa unga na fedha kwa mtu, akaahidi kulipa kwa dagaa. Mimi nikaliweka, kwa sababu ndiyo ilikuwa aya tamu kuliko zote. Mliomo kwenye kazi hii mnanielewa, na afadhali msinielewe.

"Mwanangu, hebu lete nisome mwenyewe."

Nikamwonyesha: weka vidole viwili, visukume, maneno yanapanda. Akaweka. Kimya. Akabonyeza kwa nguvu, mshale haukutikisika. Nikaweka changu, ukatembea. Akajifuta mikono kwenye shati, akajaribu tena, wapi! Wajukuu wakaangua kicheko. "Mashine yako hainijui," akasema, akanirudishia. Na mimi, Mungu anisamehe, nilisikia nafuu moyoni.

Usiku nilishindwa kulala. Nikampigia rafiki yangu fundi aliyeko Sumbawanga mjini, nikamwuliza inawezekanaje kidole cha mtu kisionekane. Akacheka, akanieleza jambo ambalo sikuwahi kulifikiria kwa miaka yote niliyotumia kompyuta.

Tachipedi haihisi kusukumwa. Chini ya ile plastiki kuna wavu wa nyaya nyembamba zenye chaji ndogo ya umeme, na kidole kikikaribia kinaibadilisha chaji hiyo. Kinachotoka hapo ni namba tu. Draiva inazipokea, kisha kuna faili za maktaba ya programu zinazoamua namba hizo zina maana gani: hiki ni kidole kimegusa, hiki kimeinuliwa, hiki ni kiganja kipuuzwe, hivi ni viwili vinateleza pamoja kwa hiyo sogeza ukurasa. Laptopu yangu inatumia Linux, na huku maktaba hiyo inaitwa libinput. Ilianza kutumika mwaka 2014, na aliyeibeba kwa miaka mingi ni Peter Hutterer. Ndani yake kuna kizingiti. Namba ikikifikia, wewe una kidole. Isipokifikia, hukugusa kitu.

Sasa fikiria mkono uliovuta nyavu miaka arobaini. Sugu juu ya sugu, ngozi imekauka kama gome. Umeme haupati pa kushika.

Kinachonishangaza ni kwamba hizi ishara za vidole zina mkono wa mgonjwa ndani yake. Wayne Westerman, aliyeandika tasnifu yake Chuo Kikuu cha Delaware mwaka 1999 kuhusu kugusa kwa vidole vingi, alikuwa akiumwa mikono kwa kuchapa. Yeye na mwalimu wake John Elias wakaanzisha kampuni ya FingerWorks, Apple wakainunua mwaka 2005. Kwetu, mwaka 2004 mradi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam ulitoa Jambo OpenOffice, programu ya ofisi inayozungumza Kiswahili, na ilikuwa kazi kubwa. Maneno yakawa ya kwetu. Vidole havikuwamo kwenye tafsiri.

Basi bwana, waliotengeneza libinput wameacha mlango wazi. Kuna amri ya kupima mguso, na kuna faili la maandishi, local-overrides.quirks, unaloweza kuandika mwenyewe kuhusu mashine yako. Asubuhi nikarudi kwa mzee, nikaamkia, nikamwomba aguse. Kidole changu kilikuwa kinatoa sitini na kitu. Chake ishirini na mbili, ishirini na nne. Kizingiti cha mashine yangu kilikuwa thelathini. Nikaandika mistari minne, nikashusha hadi kumi na tano, nikatoka na kuingia upya.

Mshale ukatembea. Hakushangilia. Akavaa miwani, akaanza kusoma toka juu, polepole, vidole viwili, midomo ikicheza. Akafika pale. Akarudi juu kidogo, akashuka tena, akasimama.

"Hii nilikwambia wewe."

"Ndiyo, mzee."

"Sikuliambia gazeti. Yule mtu bado namdaiwa, na watoto wake wanasoma magazeti."

Nikafuta mbele ya macho yake. Aliendelea. Chini kidogo akakuta nimeandika kwamba usiku anavulia karabai. "Karabai tuliacha zamani," akasema, "andika taa za sola." Nikaandika. Alipomaliza akapanda mpaka juu kabisa akasoma mara ya pili, mimi nimekaa nikiangalia boti.

Lile faili bado limo. Siku hizi nikiandika, ncha ya kidole ikipita tu karibu na tachipedi, mshale unaruka mistari mitatu. Mhariri naye kaniuliza mbona habari imerudi fupi kuliko nilivyomwahidi. Nikamwambia ni tachipedi.