Oscar Iliyoungua

Walter Lassally alipata Oscar mwaka 1965 kwa kupiga picha za Zorba the Greek. Uzeeni akahamia Krete, karibu na ufukwe wa Stavros ilikopigwa filamu hiyo, na sanamu yake akaiacha kwenye mgahawa wa pale, kila mgeni aione. Siku ya mwaka mpya 2012 mgahawa uliteketea, na Oscar nayo ikaungua.

Waliobeba filamu ile nao wameondoka: Quinn, Cacoyannis, Theodorakis, Papas, na Lassally mwenyewe mwaka 2017. Kwa bahati, alihojiwa kabla hajafa. Nimeyatazama mahojiano yale: mzee amekaa mbele ya kamera, anasimulia kazi zake moja baada ya nyingine, na hakuna anayemharakisha.

Hilo ndilo lililonichoma. Sisi waandishi wa habari tukimhoji mzee tunachukua sekunde 30 tu, zinazobaki tunafuta ili simu ipate nafasi. Mwaka jana binti wa mzee mmoja niliyewahi kumhoji, aliyekuwa akiendesha mashine kwenye jumba la sinema, alinipigia baada ya mazishi. Eti kaka, ile sauti ya baba bado unayo?

Sikuwa nayo.