Chokaa, Mahindi na Leso: Siku Nane Oaxaca



Mhariri wetu ametuomba zaidi ya mara moja tueleze habari za safari yetu ya Meksiko, nasi tumekuwa tukichelewa kwa sababu itakayodhihirika huko mbele. Safari yenyewe haikuwa ndefu. Kutoka hapa Houston hadi mji wa Oaxaca, kusini mwa Meksiko, ndege haimalizi saa tatu. Tulikwenda watu watatu katika likizo ya Desemba 2023: sisi wazee wawili, walimu wastaafu, na mjukuu wetu wa kike wa miaka 17, ambaye mama yake alitukabidhi kwa masharti mengi. Hatukwenda kuota jua. Tulikwenda kusoma: mapishi asubuhi na ngoma jioni, kama wageni wengi wafanyavyo huko siku hizi, kwa ada.

Mji wa Oaxaca umo bondeni, ingawa bonde lenyewe liko mita 1,550 hivi juu ya usawa wa bahari, na milima mikavu imeuzunguka pande zote. Majengo ya kale yamejengwa kwa jiwe lenye rangi ya kijani hafifu, mithili ya maji ya dafu yaliyokaa. Pamoja na magofu ya Monte Albán yaliyo juu ya mlima wa jirani, mji huo uliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 1987. Mapishi ya Meksiko nayo yalitambuliwa na UNESCO mwaka 2010. Tulifika kwa bahati usiku wa tarehe 23 Desemba, ambapo watu huchonga sanamu kwa figili kubwa kubwa na kushindana uwanjani, jambo walilolianza rasmi mwaka 1897. Tulisimama katika foleni ndefu kutazama figili. Haya, msafiri ni mtumwa wa macho yake.

Darasa la kwanza tulilichukua mjini, nasi hatutalitaja kwa jina. Tulivikwa aproni nyeupe, tukakuta kila kitu kimekwisha kukatwa na kupangwa katika vibakuli. Kazi yetu ilikuwa kukoroga na kupigwa picha. Mmoja wetu, yule ambaye watoto humwita Bibi, aliyelea familia nzima kwa jiko la makaa, alikabidhiwa nusu ya kitunguu na kuonyeshwa namna ya kushika kisu. Alishukuru kwa adabu. Njiani kurudi hakusema neno, na wamjuao wanafahamu maana ya kimya hicho.

Mwenye nyumba ya wageni tuliyofikia alituonea huruma, akatuelekeza Teotitlán del Valle, kijiji cha Wazapoteki wafumao mazulia, kiasi cha kilomita 30 mashariki ya mji. Mwalimu wetu wa huko alikuwa mwanamke wa rika letu, mwenye nywele zilizosukwa pamoja na utepe na kuzungushwa kichwani. Kiingereza hakukijua, na Kihispania kwake ni lugha ya sokoni. Lugha yake ni Kizapoteki. Mpwa wake alikifasiri kwa Kihispania, mjukuu wetu, aliyejifunza Kihispania shuleni hapa Texas, akatufasiria kwa Kiingereza, nasi tukaulizana kwa Kiswahili kama tumesikia sawasawa. Neno moja lilivuka lugha nne kabla ya kufika chunguni.

Alianza na mahindi, kwani huko kila kitu huanza na mahindi. Katika pango la Guilá Naquitz, lisilo mbali na kijiji hicho, wachimbuzi walipata magunzi yenye umri wa miaka zaidi ya 6,000. Sisi watu wa pwani tumeipata nafaka hiyo baada ya Wareno kuanza kupita katika bahari yetu, tukaiita muhindi, kana kwamba kwao ni Bara Hindi. Bibi yule alimimina mahindi makavu katika sufuria ya maji, akachota unga mweupe akautia. Tukauliza ni nini. Jibu likapita njia yake ndefu na kutufikia: chokaa. Tulitazamana. Chokaa tuijuayo sisi ni ya kupaka ukuta, na ile iliyokuwa katika kijaluba cha tambuu cha bibi zetu. Makwetu wengine hutia magadi kulainisha maharage na mahindi, hilo tunalijua, lakini chokaa katika chakula cha kila siku!

Kipimo chake ni kidogo, kiasi cha gramu 10 kwa kilo 1 ya mahindi. Mahindi huchemshwa bila ya kuivishwa kabisa, kisha huachwa katika maji yale yale usiku kucha. Asubuhi huoshwa, na maganda ya punje hutoka kwa kusuguliwa viganjani. (Tulisugua yale yaliyolowekwa jana yake, yale ya kwetu tukawaachia wanafunzi wa kesho.) Bila ya chokaa donge halishikani, na chapati ya mahindi hupasuka. Lililo kubwa zaidi ni kwamba chokaa huifungua niasini, ambayo ni vitamini iliyojificha ndani ya punje na ambayo mwili hauwezi kuipata vyema kutoka katika mahindi matupu. Wazungu walipoyachukua mahindi waliyaacha maarifa hayo nyuma. Ugonjwa wa pelagra, unaobabua ngozi na kuvuruga akili, ukawashika maskini wa Hispania na Italia ya kaskazini katika karne ya 18, na watu wa kusini mwa Marekani, pamoja na Texas hii tunayoishi, mwanzoni mwa karne ya 20. Hata mwaka 1990 wakimbizi wa Msumbiji waliokuwa Malawi waliugua kwa maelfu, chakula chao cha msaada kikiwa mahindi na machache mengineyo. Punje zilivuka bahari. Mpishi hakuvuka nazo.

Mjukuu wetu alipiga magoti mbele ya metate, jiwe la kusagia lenye miguu mitatu, akasaga. Mtoto huyu, ambaye nyumbani haondoi sahani yake mezani mpaka aambiwe mara mbili, alisaga kwa nusu saa mpaka viganja vikamwota malengelenge. Bibi wa Kizapoteki alimsahihisha kwa kumshika viwiko, bila ya maneno, kwa kuwa maneno yangechelewa.

Kisha ukaja mchuzi mweusi, mole negro, ambao ndio fahari ya Oaxaca. Pilipili kavu za aina ya chilhuacle hukaangwa bila mafuta juu ya kikaango cha udongo mpaka ziwe nyeusi, na mbegu zake huchomwa hasa, moshi ukipanda. Sote tulikohoa tukakimbilia uani, isipokuwa mwenye nyumba. Mafuta ya nguruwe tuliomba yaachwe. Akakubali kutumia mafuta ya mbegu, akitikisa kichwa kwa masikitiko. Kuku alichinjwa na mmoja wetu, yule aliyesomesha jiografia, baada ya kuitafuta kibla kwa jua. Ndani ya mchuzi huo mna ufuta, lozi, zabibu, ndizi ya kukaanga, nyanya, mdalasini, chokoleti isiyo tamu sana, na karafuu. Wahispania huziita karafuu misumari, na ukizitazama utaona hawakukosea. Sisi tuliokulia Pemba, tulioanika karafuu juu ya majamvi tukiwa watoto, tulizinusa katika kiganja cha mtu wa mbali tukanyamaza kidogo.

Bibi yule akauliza: huko kwenu hizi mnazitia katika chakula gani? Mwenzake akawa mwalimu kwa mara ya kwanza siku ile. Akaeleza pilau: kitunguu kigeuke rangi gani, nyama iingie lini, viungo vipondwe vipi. Mjukuu wetu akafasiri vizuri mpaka alipofika kwenye bizari nyembamba. Akasimama. “Bibi,” akauliza kwa Kiingereza, “bizari ni nini?” Ameila tangu alipoota meno.

Jioni tulirudi mjini kwa darasa la ngoma, uani mwa nyumba ya kale, wanafunzi kumi na wawili wa mataifa mbalimbali. Mwalimu alikuwa kijana kutoka Pinotepa Nacional, upande wa pwani ya Pasifiki, akatufundisha chilena. Asili yake ni cueca ya nchi ya Chile, iliyofikishwa na mabaharia katika karne ya 19. Mwanamume na mwanamke huzungukana bila ya kugusana, visigino vikipiga sakafu kama mvua juu ya bati, na mkononi kila mmoja hupeperusha kitambaa. Hicho kitambaa ndicho kilichotugusa, kwani neno letu leso limetokana na neno la Kireno la kitambaa cha mkononi kama kile. Viuno katika chilena hutulia. Kazi yote ni ya miguu. Mmoja wetu, aliyekulia katika chakacha, viuno vyake vilikataa kutulia, na mwalimu, badala ya kumkosoa, alisimamisha muziki akamwomba aonyeshe. Darasa zima likamfuata. Kuhusu magoti ya yule mwingine, tusiseme kitu.

Kijana yule mwenyewe ni mweusi, na alitueleza habari za watu wake wa Costa Chica, ambao katika harusi zao walicheza juu ya artesa, sanduku la mti lililochongwa kwa gogo na kupinduliwa, miguu ikiligeuza kuwa ngoma. Wengi wa wazee wao waliletwa utumwani kutoka Afrika Magharibi na Angola, na baadhi kutoka pwani ya Msumbiji, wakipitia Manila hadi bandari ya Acapulco. Katiba ya Meksiko haikuwatambua kwa jina mpaka mwaka 2019. Sensa ya 2020 ikahesabu zaidi ya watu milioni 2 na nusu.

Siku ya mwisho tulirudi Teotitlán kuaga. Tulimwuliza yule bibi nani atairithi metate yake. Akasema wajukuu wake wako Los Angeles, ambako watu wa Oaxaca ni wengi mno. Mole wanaipenda, huja kuila, hawaji kuisaga. Wanaosaga ni wageni, nao hulipa. Hakusema kwa uchungu. Ada ile ndiyo iliyoezeka jiko lake.

Usiku ule hotelini palikuwa na mazungumzo ambayo hatukupanga kuyaandika. Bibi alisema kwamba mtoto amemwuliza mwanamke wa watu maswali ishirini kwa siku mbili, na yeye hajapata kuulizwa hata moja. Ni kweli. Lakini ni kweli pia, na tulikiri kabla ya kuzima taa, kwamba kila mtoto huyu alipoingia jikoni kwetu aliambiwa: toka, nenda kasome. Sisi walimu ndio tuliomfukuza. Tulifanya vivyo hivyo kwa mama yake. Tuliogopa mitihani ya nchi ngeni, tukadhani jiko halitakimbia.

Tuliporudi Houston tulijaribu mahindi ya chokaa peke yetu, tukazidisha kipimo, chapati zikanuka ukuta mpya. Baada ya hapo mjukuu wetu alikuja na daftari na mizani ndogo, akaitoa mbuzi ya nazi iliyokuwa imefungwa katika gazeti nyuma ya pasi mbovu. Ugomvi ukaanza. Yeye anataka gramu, Bibi anajua “kiasi” na “mpaka uone.” Mwishowe mtoto akaamua kupima mkono wa Bibi wenyewe: kila alichokichota ukikatizwa njiani na kuwekwa kwenye mizani kabla ya kuingia sufuriani. Hiyo ndiyo sababu ya sisi kuchelewa, kwani alitukataza kuandika lolote mpaka amalize. Vyakula vimefika kumi na kimoja, na biriani bado ina ubishi.

Ukurasa wa kwanza wa daftari unasomeka hivi: Ukufi wa Bibi, mchele mkavu, gramu 62. Ukufi wa Babu, gramu 85. Huo wa pili umekatwa mstari, na pembeni pameandikwa kwamba Babu hapiki.