Mjane wa Mara Elfu Moja na Mia Mbili

Waigizaji wengi hukumbukwa kwa wingi wa nyuso walizozivaa. Leo mfalme, kesho mwizi, keshokutwa mpenzi aliyeachwa. Na mtazamaji husifu wepesi wao wa kuhama kutoka nafsi moja hadi nyingine. Lakini wapo wachache waliojaaliwa uso mmoja tu, ukawakaa kama ngozi, wakaishi nao hadi watu wakasahau ni yupi aliyezaliwa na yupi aliyetungwa. Miongoni mwa hao ni Esther de Boer-van Rijk wa Uholanzi. Tangu mwaka 1900 hadi uzeeni alipanda jukwaani takriban mara 1,200 akiwa Kniertje, mjane wa mvuvi katika kijiji cha pwani ya Bahari ya Kaskazini. Kwa Waholanzi wa zama zake, kumtaja mmoja kulikuwa ni kumtaja mwenziwe.

Alizaliwa Rotterdam, mji wa bandari, tarehe 29 Julai 1853, katika ukoo wa Kiyahudi. Jina lake lina kichekesho kidogo kwa mwenye kupenda maana za maneno. Kwa desturi ya Waholanzi, mwanamke aliyeolewa alitanguliza jina la mumewe, kisha akalifuatisha la ukoo wake. Hivyo de Boer ni la ndoa na van Rijk ni la kuzaliwa. Na boer, kwa Kiholanzi, ni mkulima. Basi aliyeitwa kwa jina la mkulima ndiye aliyekuja kuwa sauti ya wavuvi.

Sauti hiyo haikumjia mapema. Uigizaji wa Kniertje ulimfikia akiwa na miaka 47, umri ambao jukwaa, la jana na la leo, huanza kumpa mwanamke mgongo. Wengi wa rika lake walikuwa wakihesabu walichokwisha kukifanya. Yeye ndiyo kwanza alikuwa anakifikia kile ambacho angekumbukwa kwacho.

Aliyemtungia alikuwa mtu wa mji wake, Herman Heijermans, Myahudi mwenzake wa Rotterdam aliyezaliwa mwaka 1864. Heijermans alikuwa mfuasi wa ujamaa, na kama waandishi wengi wa Ulaya wa kizazi chake alitaka tamthilia ishuke kutoka majumba ya wafalme iingie vibandani, isikilize watu wanavyosema kweli wanapokuwa na njaa, deni au msiba. Kundi la Nederlandsche Tooneelvereeniging la Amsterdam ndilo lililozitia kazi zake uhai, na Esther alikuwa nguzo ya kundi hilo. Tarehe 24 Desemba 1900, mkesha wa Krismasi, kundi lilionyesha kwa mara ya kwanza tamthilia yake mpya ya sehemu nne juu ya maisha ya wavuvi. Ilionyeshwa katika jumba liitwalo Hollandsche Schouwburg, mjini Amsterdam. Msomaji na alishike jina la jumba hilo.

Tamthilia yenyewe inaitwa Op Hoop van Zegen. Neno kwa neno ni Kwa Tumaini la Baraka, lakini tafsiri ya namna hiyo huacha nusu ya maana ufukweni. Mholanzi hulitumia neno hilo aanzapo jambo ambalo mwisho wake hauko mikononi mwake. Mtu wa pwani yetu ana neno moja linalotosha: tawakali. Hilo ndilo jina la chombo cha uvuvi kinachobeba kisa kizima. Na uchungu wa kisa unaanzia hapo hapo, kwa kuwa chombo hicho kina jina la tawakali lakini mbao zake zimeoza. Tajiri wake, Clemens Bos, anakipeleka baharini bila kukitengeneza. Kimekatiwa bima. Kikirudi, kuna samaki. Kisiporudi, kuna fidia. Upande wowote upepo utakakovuma, tajiri hapotezi.

Kniertje amekwisha kupoteza. Mumewe na wanawe wawili walichukuliwa na bahari. Amebakiwa na vijana wawili. Geert, mkubwa, ni mkaidi mwenye fahari, ametoka kifungoni baada ya kumkosea mkubwa wake katika jeshi la majini. Barend, mdogo, anaiogopa bahari, na ana sababu: amemsikia Simon, seremala wa vyombo, mlevi ambaye hakuna amjaliye, akisema kwamba chombo kile hakifai hata kukalafatiwa. Barend anaandikishwa safari, kisha anarudi nyuma. Mama yake anamsihi, anamwonea haya, anamkumbusha ahadi aliyoiweka; na vipuli vya masikioni vya marehemu baba yake anamvisha. Mwishowe askari wanakuja kumchukua kwa nguvu. Chombo kinatweka, dhoruba inapiga, wanawake wanakusanyika usiku nyumbani kwa Kniertje na kusimuliana habari za bahari ili wasiusikilize upepo. Habari ya msiba inafika katika ofisi ya tajiri, mahali pa vitabu vya hesabu. Na mama aliyetoa watoto wanne na mume anaondoka pale na bakuli la chakula alilopewa kwa hisani na mke wa tajiri.

Hapa ndipo penye siri ya uigizaji ule, na ndipo wengi hupitiwa. Ni rahisi kudhani kwamba Kniertje ni shujaa wa wanyonge. Sivyo alivyotungwa. Yeye ni mtiifu. Humwogopa tajiri na humshukuru. Humkanya Geert kwa maneno yake ya uasi. Na ni mkono wake mwenyewe uliomsogeza Barend kuelekea chomboni, kwa kuwa nyumba haina kitu, kwa kuwa ahadi ni ahadi, na kwa kuwa ulimwengu anaoujua haujapata kumfundisha njia nyingine. Asiye na hatia ndiye mwenye mkono katika jambo lile. Mwigizaji anayetaka kupendwa angemfanya Kniertje alie tangu mwanzo, mtazamaji amhurumie na kumsamehe kabla hajatenda. Lakini kisa hakisimami hivyo. Ni lazima mama yule aamini kwamba anafanya sawa. Ni lazima vipuli vile vivishwe kwa mapenzi. La sivyo, mwisho wake unakuwa machozi matupu, na machozi matupu hukauka mtazamaji afikapo mlangoni.

Basi ifikirie ile hesabu ya mara 1,200. Mara 1,200 mwanamke huyu alimsihi kijana apande chombo kilichooza, huku yeye Esther akijua na Kniertje asijue. Vijana wa mwaka 1900 hawakuweza kubaki vijana miaka yote hiyo. Walioigiza Barend walikua, wakaja wengine kushika nafasi zao. Mama alibaki yule yule. Jukwaani mzigo wa kifo ulipita kutoka kijana hadi kijana, mikononi mwa mwanamke mmoja aliyezidi kuzeeka. Washairi wanalijua jambo hili kwa njia yao: lipo shairi ambalo mtu hulighani maisha yake yote, na kila mwaka beti zile zile humwambia jambo alilokuwa hajafika umri wa kuambiwa. Kurudia si lazima kuwe kuchoka. Kwa aliye mkweli, kurudia ni kuchimba kisima mahali pamoja.

Sentensi moja fupi ya Kniertje, inayohusu gharama ya kweli ya samaki afikaye mezani, ilitoka jukwaani ikaingia vinywani mwa watu, na Waholanzi wakaifanya methali. Wanaitumia hata wasioijua tamthilia. Ni heshima kubwa iliyoje kwa mwigizaji, kuwa mdomo wa kwanza wa methali ya taifa!

Sinema nayo haikumwacha. Mwaka 1918 mwongozaji Maurits Binger aliitengeneza Op Hoop van Zegen kuwa filamu, na Esther akawa Kniertje wake. Zilikuwa siku za filamu bubu. Uso ulilazimika kubeba peke yake kile ambacho kwa miaka kumi na minane kilibebwa na sauti. Mwaka 1934 filamu ikatengenezwa tena, safari hii yenye sauti, chini ya uongozi wa Alex Benno. Na aliyeitwa kuwa Kniertje ni nani? Ni yeye yule, umri wake ukiwa umeingia katika miaka ya themanini. Kwa hesabu ya kawaida, bibi wa umri huo hawezi kuwa na mtoto kijana wa kuandikishwa melini. Hakuna aliyeona kasoro. Watu walikuwa hawaendi tena kumtazama mama wa Barend. Walikwenda kumtazama mama wa wote waliozama.

Kisa chenyewe kilivuka mipaka bila yeye. Mwaka 1903 Ellen Terry, malkia wa jukwaa la Uingereza, aliigiza Kniertje mjini London kwa tafsiri ya Christopher St. John. Mwaka 1913 vijana wa Studio ya Kwanza ya Jumba la Sanaa la Moscow waliichagua tamthilia hiyo hiyo kuwa kazi yao ya kufungulia mlango. Kila lugha ilijipatia mjane wake. Hili halishangazi, kwani watu wa bandari zote wanalijua jambo moja bila kufundishwa: kwamba kati ya mwenye chombo na mwenye kupanda chombo, bahari humfahamu mmoja tu.

Je, machozi ya jukwaani huzaa nini? Swali hili huulizwa kila zama, na mara nyingi jibu lake ni kimya. Safari hii lipo jibu. Vyombo vilivyooza na kukatiwa bima havikuwa hadithi ya kubuni. Uingereza ilikwisha kutunga sheria dhidi yake mwaka 1876, baada ya Samuel Plimsoll kupiga kelele miaka mingi bungeni. Uholanzi ilipata sheria yake, Schepenwet, mwaka 1909, iliyoweka masharti ya usalama wa vyombo. Sheria haitungwi na mtu mmoja, wala na tamthilia moja. Hata hivyo Waholanzi hawaitaji sheria ile bila kuitaja Op Hoop van Zegen, kwa kuwa kabla wabunge hawajainua mikono, taifa lilikuwa limekwisha kukaa miaka kadhaa gizani mbele ya jukwaa, likimtazama mwanamke akiondoka na bakuli lake.

Esther de Boer-van Rijk alifariki Amsterdam tarehe 7 Septemba 1937, akiwa na miaka 84. Heijermans alikuwa amemtangulia mwaka 1924. Wote wawili walikufa kabla ya mwaka 1940, majeshi ya Ujerumani ya Hitler yalipoivamia Uholanzi. Hawakuyaona yaliyolifika lile jumba lao.

Mwaka 1941 wavamizi waliligeuza Hollandsche Schouwburg kuwa jumba la Wayahudi peke yao: wasanii Wayahudi, watazamaji Wayahudi, wakiwa wamefukuzwa kwingineko. Mwaka uliofuata muziki ukanyamazishwa. Tangu kiangazi cha 1942 hadi mwaka 1943 jumba likawa mahali pa kuwakusanyia Wayahudi wa Amsterdam kabla ya kusafirishwa. Makumi ya maelfu walipitishwa hapo, familia nzima nzima, wakalala chini palipokuwa viti vya watazamaji, wakingoja majina yao. Kutoka hapo walipelekwa kambi ya Westerbork, na kutoka Westerbork kwenye kambi za mauti kama Auschwitz na Sobibor. Watoto wadogo walitengwa katika nyumba ya malezi iliyokuwa ng'ambo ya barabara. Na huko walezi na wasaidizi wao, kwa siri na kwa kuhatarisha roho zao, waliwatorosha wapatao 600. Hao ndio waliopona. Wayahudi wa Uholanzi waliouawa katika vita ile ni zaidi ya 100,000.

Hakuna fundi wa tamthilia ambaye angethubutu kutunga mwisho kama huo. Ndani ya jumba lile lile ambamo mwaka 1900 Barend aliburutwa na askari akilia kwamba hataki kupanda, watu wa kweli walitolewa na askari wa kweli, na hapakuwa na pazia la kushuka. Huenda miongoni mwao walikuwamo waliowahi kukaa pale pale, wakitoa leso kwa ajili ya mjane wa Esther.

Tangu mwaka 1962 jumba limekuwa mahali pa ukumbusho, na mwaka 2024 lilifunguliwa upya pamoja na makumbusho ya taifa ya mauaji yale, yaliyo ng'ambo ya barabara. Sehemu ya mbele ya jengo ingali imesimama. Aingiaye leo haoni jukwaa. Anaona ua ulio wazi chini ya mbingu.

Jukwaa halipo, na mwigizaji hana kaburi jingine la sanaa yake isipokuwa kumbukumbu. Mshairi huacha karatasi, mchoraji huacha turubai, naye huacha pumzi. Lakini pumzi ya Esther ilikaa. Imo katika methali ambayo muuza samaki wa Uholanzi anaweza kuitamka asubuhi akipima mizani, bila kujua ameipokea kwa nani.