Mfalme Aliyekuwa Mkalimani



Tarehe 5 Agosti twamkumbuka Mtakatifu Oswald, mfalme wa Northumbria, kaskazini mwa Uingereza. Baba yake alipouawa vitani mwaka 616, yeye alikimbilia kwa Waskoti waliosema Kiayalandi. Huko ukimbizini akabatizwa, akajifunza lugha yao. Alipokwisha kutwaa ufalme, aliomba mhubiri kwa wamonaki wa kisiwa cha Iona. Wa kwanza, mtu mkali, alirudi akiwalalamikia watu kuwa wagumu. Mwaka 635 akaja Askofu Aidan, mpole, lakini Kiingereza kilimpiga chenga. Basi mfalme mwenyewe akasimama mbele ya wakuu wake, akawafasiria mahubiri. Zama zile mfalme alitazamiwa kushika upanga; huyu alikubali kuwa kinywa cha mgeni, na kwa lugha ya ukimbizi wake!

Hata hivyo tusimpambe kupita kiasi. Cadwallon, aliyemwua ili atawale, alikuwa Mkristo pia, ila wa taifa la Wabritoni. Ubatizo mmoja haukuwazuia kupigana. Mwaka 642 Oswald naye aliuawa na Penda, mfalme mpagani. Kichwa chake kilizikwa Lindisfarne, kisiwa alichokuwa amempa Aidan.