Msamaha wa Mnyonge

Miaka kadhaa iliyopita niliitwa nyumbani kijijini kuandika mkataba. Binamu yangu alikuwa amekatwa mkono kwa panga katika ugomvi wa mpaka wa shamba, na jirani aliyemkata, mtu mwenye maduka na marafiki wengi, alikuwa amekwisha kushtakiwa mahakamani. Wazee wa pande zote mbili walikuwa wameafikiana kuhusu shilingi 80,000. Palikosekana tu mtu wa kuyaandika maafikiano hayo kwa lugha ya kumridhisha hakimu. "Wewe ndiwe daktari wetu," mjomba akaniambia, "andika."

Nikaandika. Binamu yangu akatia sahihi kwa mkono wa kushoto, kwani wa kulia ulikuwa bado umefungwa bendeji. Juma lililofuata alisimama kortini akasema amesamehe. Kiongozi wa mashtaka akaomba kuiondoa kesi, hakimu akaridhia, na faili ikafungwa kwa muda mfupi kuliko tuliotumia kunywa chai ya upatanisho.

Sipingi upatanisho. Kifungu cha 159 cha Katiba yetu ya 2010 kinazitaka mahakama ziuendeleze, zikiwemo njia za jadi. Mwaka 2013 Mahakama Kuu jijini Nairobi iliruhusu hata shtaka la mauaji liondolewe baada ya familia mbili kupatana kwa fidia iliyojumuisha ngamia na mbuzi. Isitoshe, nawaelewa wanaopatana. Mkosaji akifungwa, Jamhuri huhesabu ushindi. Aliyeumizwa hurudi nyumbani na kovu lake na deni la hospitali.

Hata hivyo, sheria iliweka mpaka. Kifungu cha 176 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai kinaruhusu kesi imalizwe kwa suluhu iwapo kosa ni la kibinafsi, halijafikia daraja la jinai kubwa, na mahakama yenyewe imeidhinisha masharti. Kumkata mtu panga hadi vidole visikunjike tena hakumo humo. Kifungu kinachotangulia, cha 175, kinaiwezesha mahakama kumwamuru aliyepatikana na hatia amlipe fidia aliyemuumiza. Kumbe binamu yangu angeweza kulipwa bila kesi kufa! Sisi tulimfanya aamini kwamba lazima achague moja: fedha au haki.

Kesi ya jinai huitwa Jamhuri dhidi ya fulani kwa sababu panga lililomkata mmoja linawatishia wote. Binamu yangu alikuwa na haki ya kusamehe jeraha lake. Hakuwa na mamlaka ya kusamehe kwa niaba ya jirani mwingine atakayegombana na mtu yule kesho. Wahenga walisema penye udhia penyeza rupia, lakini hawakusema mahakama ndiyo iwe mlango wa kuipenyezea. Tukizoea hivyo, mwenye nacho atajua bei ya mkono, na wapo wazee ambao tayari huketi kujadili bei ya mtoto aliyenajisiwa.

Ndiyo maana naamini hakimu hapaswi kutosheka na karatasi. Na amwite mlalamishi faraghani, mbali na wajomba na wazee, amuulize: Nani aliyetaja kiasi hiki? Umekwisha kukipokea? Ungekataa, ungeishije na watu wako? Maswali hayo hayamalizi hata nusu saa.

Mwaka jana tulikuwa tukivuna mahindi. Binamu yangu alikuwa akimenya kwa mkono wa kushoto, akiyashikilia magunzi kwa kiwiko cha kulia. Akaniuliza bila hasira, "Kaka, siku ile mlipokuwa mkiandika, mbona hakuna aliyeniuliza kama nimesamehe?"

Sikuwa na jibu. Nilikumbuka kwamba mkataba ule ulianza kwa maneno "Mimi, kwa hiari yangu mwenyewe." Maneno hayo niliyaandika mimi.